Mahari si sababu ya kumfunga baba mkwe

Ndoa ikivunjika huku kwetu Kivu, Ntoto kama kwingine, mara nyingi jambo la kwanza kuulizwa si nani aliyepigwa, wala watoto watalala wapi usiku huo. Swali la kwanza ni hili: mbuzi walikuwa wangapi? Zamani swali hilo liliishia barazani kwa wazee, watu wakabishana mpaka jua likazama, wakanywa, wakaahirisha. Siku hizi linapelekwa kwa OPJ. Anayedai mahari yake anafika na karatasi ya mashtaka, na jioni baba mkwe analala kasho.

Desturi hii mbaya inakomaa kila mwaka, na wanaoiendesha wanaiita haki. Wakati umefika kwa parke, polisi na mashefu wa kimila kuikata, kwa sababu anayeilipa si baba mkwe peke yake.

Chukua mfano ambao mtu yeyote wa Walikale au Masisi ataujua bila kutajiwa jina. Kijana ametoa mbuzi sita na dola mia tatu. Amechuma pesa hizo kwenye mashimo ya madini, na kila mtu anakubali kwamba alitaabika. Baada ya miaka minne, bibi anarudi kwao na watoto wawili na jicho limevimba. Anasema harudi. Bwana anangoja wiki mbili, anatuma ndugu zake, wanarudi mikono mitupu. Hapo rafiki mmoja anamshauri: nenda polisi, sema wamekula mali yako. Mashtaka yanaandikwa kwa maneno ya Kifaransa ambayo mlalamikaji mwenyewe hayaelewi vizuri: abus de confiance, yaani kuhini amana. Au escroquerie, utapeli. Polisi wawili wanatumwa, na safari yao inalipwa na yule wanayemfuata. Mzee wa miaka sitini anatolewa shambani mbele ya wajukuu wake.

Kuanzia hapo mambo yanakwenda mbio. Familia inaitwa, inaambiwa kuna njia mbili. Ya kwanza ni kurudisha mbuzi sita na dola mia tatu, pamoja na amandi ya OPJ. Ya pili haisemwi kwa sauti kubwa, lakini kila mtu aliyepo anaisikia: binti arudi kwa bwana wake, na mambo yataisha. Mbuzi walishaliwa, wengine walitumiwa kuoza kaka wa binti huyo, na pesa ilinunua dawa na kulipa shule. Nyumba haina kitu. Mama anaanza kulia. Kaka anasema, sasa wewe dada unataka baba afie mule ndani?

Na dada anafunga nguo zake kwenye kitenge anarudi.

Hiyo ndiyo maana halisi ya mashtaka ya mahari katika migogoro ya ndoa za huku. Huitwa kesi ya mali, lakini mara nyingi mali si shabaha. Baba anawekwa kasho ili binti awe fidia. Mwanamke aliyekimbia kipigo anarudishwa kwenye kipigo kwa msaada wa polisi wa Jamhuri, na kwenye karatasi hakuna mahali palipoandikwa kwamba alipigwa.

Sheria inasemaje? Inasema mambo yaliyo wazi kuliko watu wanavyodhani. Code de la famille, yaani Sheria ya Jamaa ya tarehe 1 Agosti 1987, iliyorekebishwa kwa sheria ya tarehe 15 Julai 2016, inaitambua mahari. Kifungu cha 361 kinaitaka itolewe, angalau sehemu, kabla ya ndoa kufungwa, na kinasema inaweza kuwa ya ishara tu hata kama mila inataka zaidi. Inatolewa kwa faida ya wazazi wa binti. Maneno hayo machache yana uzito. Kitu kilichotolewa kwa faida ya mtu kimekuwa chake. Hakuwekewa akiba, hakukodishwa, hakukabidhiwa ili akirudishe siku fulani.

Kosa la kuhini amana, ambalo liko katika kifungu cha 95 cha sheria ya makosa ya jinai, linamhusu mtu aliyepewa kitu kwa sharti la kukirudisha au kukitumia kwa kazi iliyoelezwa, kisha akakila. Ukimpa mtu pikipiki apeleke Goma akaiuza Sake, hiyo ni kuhini amana. Mbuzi wa mahari hawakupewa mkwe awachunge. OPJ anayeandika kifungu hicho juu ya kesi ya mahari ama hakukisoma, ama amekisoma na anajua anachokifanya. Vyote viwili ni vibaya, ila cha pili kinalipa zaidi.

Kuna hali moja ambapo neno utapeli linaweza kusimama, na ni haki kulisema. Familia ikipokea mahari ya kijana wa kwanza kwa binti fulani, ikaficha, ikapokea ya kijana wa pili kwa binti huyohuyo kwa uongo uliopangwa, hapo kuna kitu cha kuchunguza. Hayo yanatokea, hasa pale mchumba anapokwenda kwenye madini miezi mingi na simu haipatikani. Lakini uongo wa makusudi siku ya kupokea ni jambo moja, na ndoa iliyoishi miaka minne kisha ikafa ni jambo lingine kabisa. Hakuna mzazi anayejua siku ya harusi kwamba mkwe wake atakuwa na mkono mwepesi.

Tazama pia vifungo vyenyewe vinavyoandikwa. Kuhini amana kunaweza kumletea mtu kifungo cha miezi mitatu hadi miaka mitano. Kupiga na kujeruhi kwa kawaida, katika kifungu cha 46, ni siku nane hadi miezi sita. Kwa hiyo kwenye meza ya OPJ mzee aliyekula mbuzi anaonekana mhalifu mkubwa kuliko kijana aliyefumba jicho la mwanamke. Si ajabu kwamba faili la kwanza linafunguliwa haraka, na la pili linaambiwa lirudi nyumbani likatengenezwe na familia.

Hapo ndipo kipo kichwa chini miguu juu ya mambo haya. Yale ambayo ni jinai kweli huitwa «mambo ya nyumbani». Yale ambayo ni deni, au hata si deni, huitwa jinai. Binti wa miaka 15 aliyetolewa kwa mtu mzima kwa sababu baba anahitaji mbuzi, hilo ni kosa zito: sheria ya tarehe 20 Julai 2006 juu ya ubakaji na ukatili wa kingono inampa mzazi au mlezi anayemlazimisha mtu kuolewa kifungo cha mwaka mmoja hadi miaka 12, na kima cha chini kinaongezwa mara mbili kama aliyelazimishwa hajafika miaka 18. Sheria ya kulinda mtoto ya tarehe 10 Januari 2009 nayo inakataza uchumba na ndoa ya mtoto. Lakini hebu tafuta ni mara ngapi mzee anafuatwa shambani kwa sababu hiyo. Atafuatwa kwa ajili ya mbuzi wale wale, siku binti atakapokimbia.

Wengine watasema: na wakwe je? Wao ni malaika? Hapana, na makala haya hayawatetei. Kuna familia zinazomtesa mkwe wao kwa mahari kama watoza kodi. Wanapokea mbuzi watatu, wanasema inatosha kwa sasa, binti aende. Mtoto wa kwanza akizaliwa wanakuja. Kijana akinunua pikipiki wanakuja. Wakisikia amepata kazi kwenye shirika fulani, wanakuja na koti la mjomba ambalo lilisahaulika kwenye orodha. Akikosa, wanamchukua binti yao na kumweka nyumbani mpaka deni liishe, kana kwamba ni baiskeli iliyowekwa rehani. Na jambo baya kuliko yote ni lile la msiba: bibi amefariki, maiti iko ndani, na wajomba wanakaa uani wakisema hakuna kuzika mpaka mahari imalizike. Watu wengi wa Kivu wameliona kwa macho yao. Mwanaume anayelia anaambiwa ahesabu.

Kwa hiyo kijana anayekwenda polisi siku bibi anapoondoka mara nyingi ni mtu aliyenyonywa miaka mingi, na hasira yake si ya uongo. Kuchelewa kwa bei ya ndoa ndiko kunakowafanya wengi waingie katika «yaka tofanda», njoo tukae, bila wazee, bila karatasi, bila ulinzi wowote kwa mwanamke. Mwaka 2021 mbunge Daniel Mbau alipendekeza sheria iweke kikomo cha mahari: dola 500 mjini na dola 200 kijijini. Wengine walimcheka, wengine walisema anadharau mabinti, wengine walisema Kinshasa haijui bei ya mbuzi. Angalau alilitaja jambo ambalo wanasiasa wengi wanalipita wakiwa wamejifunika uso.

Lakini dhuluma ya wakwe haimpi mtu ruhusa ya kuwafunga. Sehemu ya mahari iliyobaki ni mazungumzo kati ya jamaa mbili. Mahari inayodaiwa irudi baada ya ndoa kufa ni hoja ya kupelekwa kwa hakimu wa tribinali ya amani, yule yule anayesikiliza talaka, na ambaye kabla ya yote anatakiwa kujaribu kuwapatanisha. Hakimu atasikia nani aliondoka na kwa nini, atauliza juu ya watoto, ataona kama kuna kitu cha kurudisha. Hakuna kasho katika safari hiyo. Kongo ilijiunga mwaka 1976 na mkataba wa kimataifa wa haki za kiraia na za kisiasa, ambao kifungu chake cha 11 kinakataza kumfunga mtu kwa sababu tu ameshindwa kutimiza mapatano. Na Katiba, kifungu cha 18, inasema kuzuiliwa polisi hakuwezi kupita saa 48. Baada ya hapo mtu aachiwe au apelekwe mbele ya mwenye mamlaka. Wazee wanaokaa kasho wiki nzima wakingoja mbuzi wakusanywe wanashikiliwa kinyume cha sheria, na aliyewashikilia ndiye mwenye kosa: kumkamata mtu kiholela ni jinai katika kifungu cha 67, mwaka mmoja hadi mitano.

Ni rahisi kusema «nenda tribinali» ukiwa Goma au Bukavu. Ntoto hakuna tribinali. Mtu anashuka na kupanda milima, anapita msituni, anavuka vizuizi ambavyo kila kimoja kina bei yake, ili afike kwenye makao ya teritware ambako pengine hakimu amekimbia vita. Mapema Januari 2025 M23 waliingia Masisi-centre. Tarehe 19 Machi mwaka huohuo wakaingia Walikale-centre, wakaondoka mwanzoni mwa Aprili. Katika hali kama hiyo faili la talaka linakuwa kitu cha kuchekesha. Ndiyo maana watu wanakwenda kwa aliye karibu, na aliye karibu mara nyingi ana bunduki. Kwa miaka mingi makundi yenye silaha ya Masisi na Walikale yamekuwa yakiamua kesi za raia, kutoza amandi na kuwafunga watu hata mashimoni. Mahari ni kesi tamu kwao: kuna mbuzi wanaojulikana idadi, kuna mtu mwenye hasira, na kuna familia yenye woga.

Na hali ya kuzingirwa, état de siège, iliyoanza Kivu ya Kaskazini na Ituri tarehe 6 Mei 2021, iliongeza mkanganyiko. Kesi za jinai za raia zilihamishiwa kwenye mahakama za jeshi. Maana yake ilikuwa kwamba mara tu mgogoro wa ndoa ulipobatizwa jina la jinai, uliondoka mikononi mwa hakimu wa familia na kuelekea upande wa sare. Kwa mkulima wa Ntoto, tofauti kati ya afisa wa upelelezi, mwanajeshi wa ofisi ya B2 na mwendesha mashtaka wa jeshi haionekani. Wote wana kiti, wote wana mlango unaofungwa kwa nje.

Majirani wamepita njia hii. Uganda, shirika la MIFUMI lilipeleka suala la mahari mahakamani, likafika Mahakama ya Juu. Tarehe 6 Agosti 2015 majaji walikataa kuifuta mahari yenyewe, lakini wakasema kudai irudishwe ndoa inapovunjika ni kinyume cha Katiba. Sababu yao ni ya kueleweka na mtu yeyote: ikiwa mwanamke hawezi kutoka mpaka wazazi wake walipe, basi hana uhuru sawa na mumewe katika ndoa hiyo. Mila ilibaki, kamba ikakatwa. Hakuna habari kwamba wazee wa Uganda waliacha kuozesha mabinti zao kwa sababu hiyo.

India ilikuwa na tatizo la upande wa pili. Kule familia ya bibi ndiyo inayotoa mali, na wakwe wa kiume ndio wanaotesa wakitaka zaidi. Mwaka 1983 waliweka kifungu cha 498A kuadhibu ukatili wa mume na ndugu zake. Sheria hiyo ilikuwa na sababu nzito, kwa maana wanawake walikuwa wanachomwa moto. Lakini mwaka 2014 Mahakama Kuu ya India, katika kesi ya Arnesh Kumar, iliwaambia polisi waache kukamata watu papo hapo kila mashtaka yanapofika. Wachunguze kwanza, waandike sababu ya kumshika mtu. Somo kwa Kivu si kwamba wanawake wanasema uongo. Somo ni kwamba pingu zinapotangulia uchunguzi, ndoa inageuka soko la kufungana. India ilikuwa na jinai ya kweli, na bado ilibidi polisi wafungwe breki. Huku kwetu hata jinai yenyewe haipo, na breki pia hakuna.

Kitu cha kwanza kiko mikononi mwa waendesha mashtaka, wa kiraia na wa jeshi, nao hawahitaji sheria mpya wala pesa ya wafadhili. OPJ wako chini ya uangalizi wao. Waandike amri ya ukurasa mmoja: mashtaka yoyote ya kurudishiwa mahari yasipokelewe kama jinai, mlalamikaji aelekezwe kwa tribinali ya amani au kwa upatanisho, na kila mwanamke anayetajwa katika mgogoro huo aulizwe peke yake, bila baba wala bwana kuwa karibu, kama amepigwa au ametishwa. Jibu lake liandikwe. Amri hiyo isomwe redioni kwa Kiswahili, Kitembo, Kihunde na Kinyanga, kwa sababu OPJ anayejua kwamba watu wameisikia hawezi kuificha kwenye mtoto wa meza.

Mashefu nao wana sehemu yao, na katika vijiji visivyo na hakimu ni sehemu kubwa. Sheria ya tarehe 25 Agosti 2015 inawatambua kama mamlaka ya kimila, haikuwapa kasho. Baraza la shefu linaweza kufanya jambo ambalo polisi hawawezi, yaani kukaa na watu siku tatu mpaka hasira ipoe. Ila barazani humo mwanamke mara nyingi anasemewa na mjomba wake. Anaketi nyuma, karibu na mlango, wakati wanaume wanahesabu mbuzi waliotolewa kwa ajili yake. Akipewa nafasi ya kusema mwenyewe kwa nini aliondoka, kesi nyingi zitabadilika sura kabla ya saa sita mchana.

Halafu kuna jambo dogo la karatasi. Siku ya kutoa mahari watu wanajua kuandika: mbuzi wangapi, majembe, kitenge cha mama, koti la baba. Orodha inawekwa sahihi na mashahidi. Basi chini ya orodha hiyo iongezwe mistari miwili: kilichobaki ni hiki, na hakuna atakayemzuia bibi, mtoto wala maiti kwa ajili yake. Kisha ndoa iandikishwe kwa afisa wa serikali, kama Sheria ya Jamaa inavyotaka. Wavulana wengi wa Ntoto wanajua kusoma. Wangejua siku hiyohiyo walichonunua, au tuseme kwa usahihi, kwamba hawakununua kitu.

Wakati hayo yakisubiriwa, kuna kazi inayoweza kuanza Jumatatu asubuhi. Mwendesha mashtaka ana haki na wajibu wa kukagua kasho zilizo chini ya mamlaka yake. Afungue daftari, aite majina, amuulize kila mzee aliyeketi sakafuni: baba, wewe uko humu kwa kosa gani? Anayejibu «mbuzi» atolewe. Kisha aulize binti yake yuko wapi sasa, na nani aliyemrudisha huko.